Umeshika?

Kutoa upepo kwenye klachi ya gari ni kazi ya watu wawili na maneno matatu. Aliye chini ya gari anasema, "Kanyaga." Aliye kwenye usukani anakanyaga pedali mpaka mwisho na kujibu, "Nimeshika." Wa chini analegeza skrubu ndogo yenye tundu, oili inachuruzika pamoja na mapovu, anaikaza tena, kisha anasema, "Achia." Mnarudia hivyo mara kumi, mara ishirini, mpaka oili itoke safi bila povu hata moja.

Wa chini haoni mguu wa mwenzake. Anachoona ni tundu, spana na oili inayomdondokea mkononi. Kuhusu mguu ana neno tu.

Nilikuwa na miaka 14 nilipokabidhiwa pedali kwa mara ya kwanza. Baba alikuwa na pikapu ya zamani aliyobebea machungwa kutoka mashamba ya Muheza kwenda Tanga mjini. Gia zilikuwa zimeanza kugoma, hasa rivasi, ikawa ukiingiza inalia kama mtu anasaga mawe. Kijana mmoja wa gereji, fundi mwanafunzi aliyenizidi kama miaka sita hivi, alifungua silinda ya juu ya klachi, akabadilisha mipira ya ndani, akaifunga. Pedali ikarudi, lakini ikabaki laini kidogo. Kijana akamwambia baba, "Mzee, bado kuna upepo umebaki. Utolewe tena kidogo, itakaa sawa." Ilikuwa jioni. Baba akasema atamalizia mwenyewe nyumbani.

Kwa msomaji ambaye hajawahi kulala chini ya gari, naomba nieleze kidogo. Klachi ya namna hii haina waya. Ukikanyaga pedali, unasukuma pistoni ya silinda ya juu. Oili inapita kwenye bomba jembamba na kusukuma pistoni ya silinda ya chini, ubavuni mwa giaboksi, na hiyo ndiyo inayosukuma mkono wa klachi, injini na gia zikaachana. Ni ile kanuni ya Pascal, Mfaransa wa karne ya 17, tuliyokaririshwa sekondari: ukikandamiza kimiminika kilichofungiwa, mkandamizo unafika kila mahali. Oili haikubali kubanwa, kwa hiyo nguvu ya mguu inafika yote. Upepo unakubali. Povu likiwa njiani, mguu wako unafanya kazi ya kulibana povu, na kule chini kunafika mabaki. Na kama skrubu iko wazi halafu ukainua mguu, mfumo unavuta upepo kutoka nje. Ulichokitoa kinarudi.

Basi Jumamosi ile asubuhi baba akaweka mawe kwenye matairi, akatandika gunia, akaingia chini. Mimi nikakaa kwenye usukani kama mkubwa.

"Kanyaga."

"Nimeshika."

Mara tano za kwanza nilifanya vizuri. Halafu wenzangu wakapita na mpira wakielekea uwanjani. Mmoja akaniita kwa ishara. Nikawa namjibu kwa ishara, shingo nje ya dirisha, na mguu ukawa unapanda wenyewe kabla ya baba kusema "Achia". Nilijua kabisa, maana nilisikia pedali ikinyanyuka chini ya unyayo. Baba akasema, "Mbona mapovu hayaishi? Umeshika kweli?"

"Nimeshika, baba."

Tulirudia mpaka kikopo cha oili cha akiba kikaisha. Pedali ikawa laini kuliko tulivyoanza. Baba akatoka chini, akafuta mikono, akakaa kwenye gunia na kufikiri kwa sauti. Kama mguu umeshikwa na mapovu hayaishi, basi upepo unaingia kwa juu. Kama unaingia kwa juu, mipira haifai. Kama mipira haifai, yule kijana kaweka ya zamani na hela ya mipya kaila. Hoja haikuwa na kasoro hata kidogo. Kasoro ilikuwa kwenye sentensi ya kwanza, na sentensi hiyo nilimpa mimi.

Saa nne alikuwa gereji. Alimwita yule kijana mwizi mbele ya wateja, mbele ya mafundi wenzake, mbele ya mama ntilie aliyekuwa anamkopesha chai. Kijana aliapa. Mwenye gereji akarudisha hela na kumwambia akusanye vitu vyake aondoke. Fundi wa pili akabadilisha mipira, akatoa upepo akiwa na msaidizi wake, klachi ikawa ngumu safi. Baba akasema, "Unaona? Yule alikuwa mwizi." Nikasema naona.

Sasa nina miaka 34 na ni mwandishi wa habari. Kwa miaka mingi nimejitetea kwa hoja ambayo nadhani wengi wetu tunaifahamu: uongo wenyewe ulikuwa mdogo. Neno moja. Tena wakati nalitamka mguu ulikuwa chini kweli, ulipanda baadaye. Kwa hiyo je, nilisema uongo?

Falsafa haikunisaidia sana hapa, maana inapenda mifano mikubwa. Mwaka 1797 Immanuel Kant aliandika insha iliyojaa ubishi mpaka leo, akidai kwamba hata muuaji akija mlangoni kuulizia alipojificha rafiki yako, huna haki ya kumdanganya. Nilipoisoma chuoni tulibishana wiki nzima. Lakini mimi sijawahi kugongewa mlango na muuaji. Nimeulizwa tu kama nimeshika.

Jibu langu limetoka kwenye sarufi. Tazama kile kiambishi cha -me-. Tukisema "mtoto amelala", hatuelezi tu kwamba alipitiwa na usingizi wakati fulani. Tunasema bado yuko usingizini, punguzeni sauti. "Amekaa" ni mtu aliyeko kitini sasa hivi. Na "nimeshika" ni vivyo hivyo: halisemi kwamba mkono au mguu ulifika mahali, linasema upo hapo. Ni neno linaloendelea kusema wakati mdomo umefungwa. Baba, kule chini, hakuwa anategemea sauti niliyotoa sekunde tatu zilizopita. Alikuwa anategemea ukimya wangu, kwa sababu nilishamwambia ukimya huo maana yake nini.

Kwa hiyo uongo wangu haukuanza nilipotamka. Ulianza mguu ulipopanda nami nikanyamaza. Huo ndio uongo ninaouogopa kuliko mwingine sasa, kwa sababu hauhitaji ujasiri wala mipango. Unahitaji tu kusahau kwamba kuna mtu bado anaishi ndani ya neno lako la zamani.

Kazini kwangu tuna "nimeshika" yetu. Kila msomaji wa magazeti anaijua: "Juhudi za kumpata mhusika kuzungumzia suala hili hazikufanikiwa." Niseme ukweli mtupu. Nimeshaandika sentensi hiyo baada ya kupiga simu mara moja, saa kumi na mbili jioni, ikaita, ikakatika, na mhariri amesimama nyuma yangu. Hiyo ni juhudi? Msomaji kule chini anakaza na kulegeza skrubu zake. Anaamua nani mwizi, nani wa kupigiwa kura, nani wa kukwepwa kwenye biashara. Anafikiri vizuri tu, hatua kwa hatua, kama baba kwenye gunia. Sentensi ya kwanza tumempa sisi.

Sissela Bok, mwanafalsafa mzaliwa wa Sweden, kwenye kitabu chake cha mwaka 1978 kuhusu uongo, anatukumbusha jambo rahisi: uongo huo huo unaonekana tofauti ukikaa upande wa aliyedanganywa. Mwongo anaona nia yake njema, haraka yake, udogo wa kosa. Aliyedanganywa anaona maamuzi yaliyoharibika. Mimi ningeongeza mtu wa tatu. Mimi nilikuwa kwenye usukani na baba chini ya gari, lakini aliyelipa alikuwa gereji, hakusikia hata "nimeshika" yenyewe. Uongo mdogo una tabia ya kumruka aliyeambiwa na kumwangukia asiyekuwepo.

Lakini lipo swali la upande wa pili, nalo sitaki kulikwepa. Kwa nini sikusema tu, "Baba, nimeachia"? Kwa sababu nilimjua. Angeniuliza nina akili gani, angenikumbusha ada, angenipigia hesabu ya kila tone la oili lililomwagika. Ukweli kwa baba wa miaka ile ulikuwa na bei. Wasomaji wa Shaaban Robert watawakumbuka wajumbe wa Kusadikika, waliotumwa kila upande, wakarudi na walichokiona, wakaishia kutiwa ndani. Nchi inayowafunga wajumbe isishangae siku ikikosa wa kuiambia. Nasema hivyo bila kujitoa lawamani. Wajumbe wale walisema hata hivyo. Mimi sikusema.

Desemba iliyopita nilienda nyumbani. Baba amevuka 70, magoti yamechoka, pikapu ile ile imekuwa ya kubebea maji na majani ya ng'ombe. Klachi ilikuwa laini tena. Safari hii mimi ndiye niliyelala kwenye gunia, na kipande cha mpira wa dripu nimekichomeka kwenye skrubu, ncha ya pili imezama kwenye chupa yenye oili kidogo. Baba akapanda kwenye usukani kwa shida.

"Kanyaga, baba."

"Nimeshika."

Nikalegeza. Mapovu yakapita kwenye mpira mmoja mmoja. Nikakaza. "Achia." Tukaenda hivyo mara nane au tisa. Mapovu yalikuwa yamekaribia kuisha kabisa, skrubu iko wazi, niliposikia sauti yake juu.

"Nimeachia! Mguu umenishinda. Funga, tuanze upya."

Nikafunga. Nikabaki nimelala pale, spana mkononi, natazama tumbo la gari. Alilisema kama mtu anayesema mvua imeanza. Na gharama yake ilikuwa nini? Oili iliyorudi kidogo kwenye mpira, na kukanyaga mara tatu zaidi. Hiyo ndiyo bei niliyoiogopa miaka 20 iliyopita.

Nikamwambia nikiwa huko huko chini. Nadhani nikiwa usoni pake nisingeweza. Nikamweleza mpira, wenzangu, dirisha, mguu. Nikamwambia mipira ya yule kijana huenda haikuwa na tatizo lolote.

Kimya. Nikasikia kuku wanaparua kwenye majani. Nikafikiri, sasa litakuja lile la akili na ada.

"Nilimwita mwizi mbele za watu," baba akasema.

"Kwa sababu yangu."

"Wewe ulinidanganya mimi. Sikukutuma umtukane yeye, wala wewe hukunituma." Akanyamaza tena. "Ningeweza kumpeleka gari aangalie. Aliniambia bado kuna upepo. Alinieleza kabisa."

Nimekuwa nikiligeuza jambo hilo tangu siku ile. Deni la yule kijana ni la nani? La aliyetoa neno bovu, au la aliyelijengea hukumu bila kwenda kuangalia? Nilitaka liwe langu lote, na sasa naona hata hilo lilikuwa na majivuno ndani yake, kana kwamba baba alikuwa pedali tu na mimi ndiye mguu. Naye angeweza kulitupa lote kwangu, na nisingekuwa na la kumjibu. Hakufanya hivyo. Nadhani lawama haigawanywi kama chungwa, huyu nusu na yule nusu. Kila mmoja anaweza kudaiwa lote.

Tulimaliza kazi. Oili ikatoka safi, pedali ikawa ngumu, rivasi ikaingia kimya. Baba akazima gari, akabaki amekaa.

"Kaka yake bado ana genge pale karibu na stendi," akasema. "Yeye sijui yuko wapi siku hizi. Tukaulize."

"Lini?"

"Gari si limepona? Nawa mikono."