Aliyesitiriwa

Wiki hii nimekaa na mwigizaji ambaye huenda wengi wenu hamjalisikia jina lake, Adelyne Wairimu. Katika Watu Wote, filamu ya dakika 22 iliyotoka mwaka 2017, yeye ndiye Jua, mwanamke Mkristo aliyepanda basi la Mandera huku akiwaogopa Waislamu waliomzunguka. Filamu hiyo iliwania tuzo ya Oscar mwaka 2018. Aliyetajwa zaidi ni mwongozaji wake, Mjerumani Katja Benrath, aliyekuwa bado mwanafunzi Hamburg.

Kisa chenyewe ni cha kwetu. Mnamo Novemba 2014, karibu na Mandera, washambuliaji walisimamisha basi, wakaamuru abiria wasio Waislamu watengwe na wenzao, na 28 wakauawa. Tarehe 21 Desemba 2015 basi jingine likasimamishwa karibu na El Wak, na amri ikawa ile ile. Safari hii Waislamu walikataa kutengana na wenzao, wakasema kama ni kuuawa, wauawe wote. Baadhi ya Wakristo walikuwa wamekwisha kuvishwa mavazi ya Kiislamu wasitambulike. Mmoja wa Waislamu hao, mwalimu Salah Farah, alipigwa risasi, akafariki Januari 2016.

Tukihubiri habari za Msamaria Mwema, huwahimiza watu wawe kama yeye. Ni haki tufanye hivyo. Lakini yule aliyelala kando ya njia ya Yeriko tunampita upesi mno. Luka hampi jina, hampi hata neno moja la kusema. Kazi yake ni kukubali kuinuliwa na mikono ambayo tangu utotoni alifunzwa kuikwepa, na naamini kazi hiyo ni ngumu kuliko ya Msamaria. Ndiyo sehemu aliyopewa Wairimu. Jua haokoi mtu. Anaokolewa, tena na watu aliowadhania mabaya, na mwigizaji hana budi kuyabeba hayo yote usoni.

Nayasema haya Garissa, ambako sisi Wakristo ni wachache: walimu, wauguzi, askari, mafundi. Makanisa yetu mawili yalishambuliwa tarehe 1 Julai 2012. Chuo Kikuu kikafuata tarehe 2 Aprili 2015, roho 148 zikapotea. Siwezi kumwamuru aliyezika mwanawe awe na imani na jirani. Hata hivyo, baada ya mashambulizi yale ya 2012, viongozi wa Kiislamu walijitolea makanisa yetu yalindwe tunapoabudu. Tulishukuru kwa midomo. Ndani ya mioyo, wengi wetu tulibaki tumejikunja.

Yesu anaumaliza mfano wake mjeruhiwa angali katika nyumba ya wageni, gharama zake zimelipwa. Hatuambiwi siku aliporudi kwake aliwaambia nini wanawe juu ya Wasamaria.