Msiba Usio na Turubai

Bibi yangu alizikwa Songea, mimi niko Dar es Salaam sina nauli. Kesho yake alfajiri nikapanda daladala kutoka Mbagala kwenda Kariakoo. Tumebanana, jasho la mwenzangu begani kwangu. Konda akanisalimu, "Mambo, braza?" Nikajibu, "Poa." Mambo hayakuwa poa hata chembe.

Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu 5,383,728 katika Mkoa wa Dar es Salaam. Siku ile sikumpata hata mmoja wa kumwambia nimefiwa. Nikalilaumu jiji: halina utu.

Lakini ndugu msomaji, tuwe wakweli. Mtaani kwetu akifa mtu, turubai hufungwa, mikeka hutandikwa, daftari la michango hupita, na watu wasiojua hata jina lako hukesha nawe. Utu upo, ila unafuata turubai. Marehemu akiwa mbali, nani atajua? Je, ni wajibu wa mfiwa kusema, au wa jirani kuuliza?

Zamani ningesema jirani. Siku hizi nasita. Salamu zetu zimetuzoesha kujibu "nzuri" kwanza, hata kama ndani kunaungua. Jioni ile mama ntilie wangu aliniuliza mara ya pili: "Nzuri kweli, mwanangu?" Nikamwambia. Akaacha sufuria jikoni, akaketi nami kwenye benchi. "Pole. Mbona hukusema?"

Nadhani wajibu umegawanyika hapo: jirani aulize mara ya pili, na mfiwa asijibu "poa" mara mbili.

Ndipo nilipolia.