Semeni Mngali Hai

Wanangu wa Lambwe, nimechoka kuitwa kwenye maboma ya watu baada ya mazishi. Mwili kuchoka kwa umri ni jambo la kawaida. Kinachonichosha zaidi ni kwamba kila ninakoitwa nakuta kesi ileile, na yule aliyeweza kuimaliza kwa maneno machache amekwisha kulala kaburini.

Juzi niliitwa tena. Maturubai ya kukodi yalikuwa hayajarudishwa, sufuria za wapishi bado zina ukoko, na watoto wa nyumba tatu wamekwisha kulipima shamba la baba yao kwa kamba ya katani. Kijana wa nyumba ya pili alikuwa na hati ya shamba ndani ya mfuko wa nailoni, ameubana kwapani chini ya shati. Alikula kwa mkono mmoja ili mfuko usimdondoke. Mama yao mkubwa, mikayi mwenyewe, alikaa mkekani akiwasikiliza watoto aliowalea wakiitana kwa nyumba za mama zao badala ya majina yao. Nikauliza marehemu alisema nini. Huyu aliambiwa hospitalini usiku, yule aliambiwa kwa simu akiwa Nairobi, mwingine aliambiwa njiani wakitoka mnadani kuuza fahali. Naamini wote walisema kweli. Mzee alizungumza na kila mwanawe faraghani, akampa kila mmoja tumaini lake, na hakuwaketisha pamoja hata siku moja.

Msidhani huu ni ugonjwa wa wenye ekari chache. Umewaangusha wenye mabara.

Hispania ilipata kutawala nchi nyingi ng'ambo ya bahari, na mwaka 1700 himaya yote hiyo ilikuwa mikononi mwa mgonjwa asiye na mtoto, Mfalme Carlos II. Baba yake alikuwa amemwoa binti wa dada yake mwenyewe, na vizazi kadhaa vya ukoo huo vilikuwa vimeoana hivyo hivyo ili mali isitoke nje. Sisi huku, Waluo kwa Wasuba, tuliwakataza watoto kuoa ndani ya ukoo, na mkimsoma Carlos mtaona wazee hawakukataza bure. Alikufa tarehe 1 Novemba mwaka huo, akiwa ametia saini wosia mwezi mmoja tu kabla, wa kumpa ufalme mjukuu wa mfalme wa Ufaransa. Waliojiona wana haki zaidi waliupokea wosia ule kama habari ya msiba. Vita vikaanza mwaka 1701, vikaendelea hadi 1714, na katikati ya vita hivyo Waingereza wakaitwaa Gibraltar, 1704. Hadi leo wako pale.

Lakini huyo angalau hakuwa na mtoto. Anayenihuzunisha ni Fernando VII, mfalme wa baadaye wa Hispania hiyohiyo, maana yeye alikuwa na kila nafasi.

Sikilizeni vizuri mambo ya nyumba hiyo. Mwaka 1713 Hispania ilikuwa imeweka sheria ya kumzuia mwanamke kurithi kiti maadamu ukoo una mwanamume. Mwaka 1789 Mfalme Carlos IV, baba yake Fernando, aliliita bunge, wakakubaliana kuifuta sheria hiyo na kurudia ile ya zamani. Walikubaliana, lakini hawakutangaza. Uamuzi ukakaa gizani miaka 41. Muda huo wote ndugu yake Fernando, Don Carlos, aliishi akijua kwamba Fernando akifa bila mtoto wa kiume, kiti ni chake. Watu walijua hivyo, naye akajipanga hivyo. Ghafla mwaka 1830 mke wa nne wa Fernando akiwa mjamzito, mfalme akautoa uamuzi ule na kuutangaza. Oktoba akazaliwa mtoto wa kike, Isabel. Kimya kingi kina mshindo mkuu.

Na hata hapo hakusimama imara. Septemba 1832 aliugua sana katika jumba la La Granja. Watu wa Don Carlos wakamzunguka kitandani, wakamweleza damu itakayomwagika, naye akatia saini karatasi ya kumnyima binti yake. Kisha akapona, akaifuta karatasi ile. Mwaka uliofuata, tarehe 29 Septemba, akafa, na Isabel hajatimiza miaka mitatu. Sasa fikirini: kila upande ulikuwa na karatasi ya mfalme yuleyule. Walipigana miaka saba, wakapumzika, wakapigana tena, na vita vya mwisho vya wafuasi wa Don Carlos na wazao wake vilikoma mwaka 1876. Vijiji vilichomwa kwa sababu ya baba aliyesema, akasita, akasema tena akiwa mahututi.

Naona mnaniangalia kana kwamba Hispania ni mbali. Haya, tuje karibu. Sayyid Said wa Zanzibar na Oman hakuwa mtu wa kusahau mambo. Mwaka 1844 aliiandikia serikali ya Uingereza kwamba mwanawe Khalid atashika nchi za Afrika na Thuwaini atashika Oman. Aliona mbali, na kwa hilo namheshimu. Ila Khalid alifariki mwaka 1854, Majid akapewa nafasi yake Unguja, na mwaka 1856 Sayyid mwenyewe akafia baharini akitoka Oman kurudi Zanzibar. Mwanawe Barghash alikuwa naye katika merikebu ile. Aliileta maiti ya baba yake pwani usiku, akitaka kushika kiti kabla ndugu zake hawajajua wamefiwa. Hebu mtazameni: kijana wa miaka kama ishirini, baba yake amekufa mbele ya macho yake, na badala ya kulia anapiga hesabu za usiku na za mtumbwi. Majid akashika kiti. Thuwaini kule Oman akaandaa merikebu za vita. Mwaka 1859 Barghash akamwasi Majid, na dada yao Salme, msichana mdogo aliyejua kuandika, akavutwa aandike barua za uasi. Barghash akapelekwa Bombay, na Salme akabaki na jeraha la kumwasi kaka aliyempenda. Mwaka 1861 ilikuwa kazi ya Mwingereza aliyetawala India kuugawa urithi wa Waarabu wa Oman: Zanzibar huku, Oman kule, na Zanzibar ilipe riale 40,000 kila mwaka.

Hapo ndipo huwa nanyamaza kidogo. Ndugu wakishindwa kugawana, mgeni huja kuwagawia, naye hagawi bure. Mwaka 1896 Sultani Hamad bin Thuwaini alipofariki, Khalid, mwana wa huyo Barghash ambaye baadaye naye alikikalia kiti, aliingia ikulu akasema kiti ni cha baba yake. Waingereza hawakumtaka. Tarehe 27 Agosti asubuhi manowari zao zikapiga ikulu kwa muda usiofika saa moja, watu mamia wakauawa na kujeruhiwa, na Waingereza wakamweka sultani waliyempenda. Tangu hapo nani alikuwa anarithi Zanzibar, ukoo wa Sayyid Said au balozi?

Na ninyi wenye mababu kutoka Gwassi, Kaksingri, Rusinga na Mfangano, hadithi hii imo ndani ya damu yenu. Wazee wa Kisuba wamekuwa wakisimulia kwamba baadhi ya koo zao zilivuka ziwa kutoka Buganda, zikikimbia kisasi baada ya damu ya Kabaka kumwagika katika kugombea kiti. Kule Buganda mwana wa kwanza, yule aitwaye Kiweewa, harithi. Mrithi hutoka miongoni mwa wana wengine, na zamani wengi waliishi wakiwindana. Mwaka 1889 Kabaka Kalema aliwaua ndugu zake wengi wa kiume na wa kike asibaki wa kumpinga. Basi wengine wenu mko hapa chini ya milima ya Gwassi kwa sababu nyumba fulani ng'ambo ya maji ilishindwa kukubaliana nani akae wapi.

Mtaniambia: sisi tuna desturi, haja ya kusema ni ipi? Najua desturi. Wana wakubwa hutoka wakajenga maboma yao kwa zamu, mkubwa akimtangulia mdogo, na kitinda mimba hubaki na boma la baba. Nimeishi ndani yake na naipenda. Lakini desturi hiyo ilitegemea ardhi ya kutokea. Bonde hili lilikuwa la mbung'o na malale, watu walilikimbia. Vichaka vilipofyekwa na mbung'o kupigwa vita, watu wakagawiwa mashamba kwa namba na mipaka. Upande mwingine kuna Hifadhi ya Ruma, walikobaki swala aina ya korongo wa mwisho wa Kenya, na huko hakuna mwana wa kwenda kujenga boma. Mwana mkubwa akitoka leo anatoka kwenda wapi? Shamba lina namba moja na jina moja, na jina hilo limekufa.

Nyinyi wazee wenzangu ndio mnaonivunja moyo zaidi. Mnasema kuandika wosia ni kukiita kifo. Nimewazika wengi ambao hawakuandika neno. Mnasema tena, na hili nalielewa, kwamba ukimtaja mrithi wengine watakuacha ufe na njaa, na aliyetajwa ataanza kukuhesabia siku. Hofu hiyo si ya kuchekwa. Lakini anayewashika watoto kwa tumaini la siri ndiye huyo aliyempa kijana wa nyumba ya pili mfuko wa kubana kwapani.

Tazameni Hispania ile ile ilipojifunza. Mwaka 1969 mtawala wake, Jenerali Franco, alimtaja Mwanamfalme Juan Carlos kuwa mrithi wake, akamruka baba yake Juan Carlos ambaye kwa haki ya ukoo ndiye aliyestahili. Siisifu dhuluma hiyo, wala mtu yule. Lakini ilitamkwa mchana, bungeni, na aliyerukwa alijua amerukwa na nani na kwa ajili ya nani. Ilimuuma. Miaka minane baadaye, 1977, baba huyo mwenyewe alisimama akamwachia mwanawe haki yake. Na mwaka 2014 Juan Carlos, akiwa na miaka 76, aliondoka kitini kwa hiari na kumkabidhi Felipe, akashuhudia mwanawe akiwa mfalme. Nchi haikupigana. Kuumia kwa neno ulilosikia mwenyewe ukiwa umeketi na ndugu zako kunapona kwa miaka. Kuumia kwa neno ulilofichwa hakuponi, maana hata aliyekuumiza huna tena wa kumuuliza.

Hata kwetu neno lililosemwa lina nguvu. Raila Odinga alipofariki India tarehe 15 Oktoba 2025, familia ilieleza kwamba alitaka azikwe upesi, ndani ya saa 72. Nyote mnajua mazishi ya Mluo mkubwa huchukua muda gani. Saa hizo zilipita kidogo, lakini alizikwa Bondo tarehe 19. Hazikuwapo wiki mbili za matanga kabla ya kuzika, kwa sababu mwenyewe alikuwa amesema.

Sasa mabinti. Felipe ana mabinti wawili, na Leonor, aliyezaliwa 2005, ndiye atakayerithi. Hata hivyo katiba yao ya 1978 bado inamtanguliza mvulana. Leonor ni mrithi kwa kuwa hana kaka. Sheria yetu ya Urithi, inayotumika tangu Julai 1981, imekwenda mbele kuliko hiyo. Kama baba hakuacha wosia, watoto ni watoto, wa kiume na wa kike, aliyeolewa na asiyeolewa, na kwa mwenye wake wengi mali hupimwa kwa hesabu ya watoto wa kila nyumba na mama yao pamoja nao. Msiende kwa chifu na orodha isiyo na majina ya dada zenu mkidhani hawatajua. Ombi la urithi hutangazwa kwenye gazeti rasmi la serikali, na mwenye pingamizi ana siku 30. Dada zenu wana simu.

Wosia wenyewe si mlima. Karatasi, saini ya mwenye mali, na mashahidi wawili wanaomwona akitia saini. Hata wa mdomo unakubalika mbele ya mashahidi wawili, ila mwenye kuutoa asipofariki ndani ya miezi mitatu hauna nguvu tena, kwa hiyo msiutegemee mkiwa wazima. Mimi naongeza langu, ambalo sheria haidai: usomwe kwa sauti mbele ya nyumba zote, na kwanza mbele ya yule atakayeumia.

Kwa watoto wa boma lile la juzi, mnajijua. Hati ile haina thamani kwapani. Mpelekeeni mikayi aitunze mpaka mahakama iseme. Jumatatu chifu yuko ofisini. Nendeni nyumba zote tatu pamoja, na dada zenu walioolewa Ndhiwa na Mbita wapewe nauli waje, majina yao yaandikwe mkiwa wote mnatazama. Nikiitwa nitakuja, nitakaa pembeni. Ila msiniulize baba yenu alimtaka nani, kwa sababu mimi pia hakuniambia.