Je, Kitana cha Kuiga ni Uongo?

Wako watu wasemao kwamba kitu kilichofanywa kifanane na kitu kingine ni uongo ulioshikwa mkononi. Neno hili tumelifikiri sana, nasi twapenda kulipima kwa habari za kitana.

Zamani vitana vizuri vya Ulaya na Marekani vilichongwa kwa pembe za ndovu, navyo vilikuwa vya matajiri. Katika miaka ya 1860 kampuni moja ya New York iliahidi dola 10,000 kwa mtu atakayevumbua kitu cha kufanyia mipira ya mchezo wa biliadi badala ya pembe, maana pembe zilikuwa ghali. John Wesley Hyatt, mpiga chapa wa Albany, alijaribu mengi, hata akachanganya kafuri na pamba iliyotiwa tindikali, akaushindilia mchanganyiko huo kwa joto na mkazo mwingi. Mwaka 1870 yeye na ndugu yake wakapata hati ya uvumbuzi wao. Ndiyo seluloidi. Kwa mipira haikufaa sana, bali kwa vitana na mipini ya visu na kola ilifaa mno, ingawa ilikuwa nyepesi kushika moto. Basi mtumishi wa nyumbani akaweza kuchana nywele kwa kitana kama cha bibi yake.

Wafanyaji wengine waliichora hata mistari myembamba kama ile ya pembe, ili jicho lisitambue. Hapo twakiri: muuzaji akiita pembe kitu kisicho pembe, amesema uongo. Lakini uongo umo kinywani mwake. Kitana hakina kinywa. (Kwamba plastiki zilizofuata zimetuletea taka zisizooza, hilo ni shtaka jingine.)

Tena na tuulize habari za kile kitana cha kweli. Pembe nyingi zilizochongwa Deep River na Ivoryton, katika jimbo la Connecticut, zilitoka bara ya kwetu, zikapita Bagamoyo na Unguja. Zilichukuliwa mabegani mwa wapagazi, na baadhi yao walikuwa watumwa. Mwenye kununua kitana hakuonyeshwa bega lile, wala ndovu yule. Aliona weupe tu na mng'ao, akakiita kitu halisi, akalipa. Wala seluloidi haikuwaponya ndovu upesi. Vinanda viliendelea kutaka pembe miaka mingi baadaye.