Mtu na Kosa Lake

Msomaji, ukiulizwa kama kosa moja latosha kumpima mtu maisha yake yote, utajibu nini? Wengi hujibu upesi kuwa mwizi ni mwizi. Kabla hujajiunga nao, yafaa uyatafakari maisha ya mtunga hadithi fupi wa Marekani, William Sydney Porter, ajulikanaye duniani kwa jina la O. Henry.

Alizaliwa Greensboro, katika jimbo la North Carolina, mwaka 1862. Alifiwa na mama yake akiwa na umri wa miaka mitatu. Katika ujana wake alijifunza kazi ya dawa katika duka la ami yake, kisha akahamia Texas, akaoa, akawa karani wa benki mjini Austin. Hesabu za benki zilipokaguliwa, fedha zilionekana pungufu, naye akashtakiwa. Mwaka 1896, badala ya kwenda mahakamani, alitorokea Honduras.

Angaliweza kukaa huko. Walakini alipata habari kuwa mkewe, Athol, alikuwa mahututi kwa kifua kikuu. Alirudi mwaka 1897, hali akijua kuwa sheria yamngoja, na mkewe akafa mwaka huo huo. Mwaka 1898 alihukumiwa kifungo cha miaka mitano katika gereza la Columbus, Ohio. Mpaka leo wako wanaoshuku kama kweli alikuwa na hatia. Sisi na tuchukue kuwa alikuwa nayo, ili swali letu lisipate wepesi.

Aliyekimbia na aliyerudi ni mtu mmoja. Kumhukumu kwa safari ya kwenda, na kuisahau ile ya kurudi, ni kupima kwa mizani yenye kitanga kimoja.

Gerezani alifanya kazi ya dawa wakati wa usiku, na akaandika hadithi ili apate fedha za kumtunza binti yake, ambaye aliambiwa kuwa baba yu safarini kwa shughuli zake. Alifunguliwa mwaka 1901 kwa ajili ya mwenendo mwema, kisha akahamia New York. Kitabu chake cha mwaka 1906 alikiita The Four Million, yaani Milioni Nne. Palikuwa na msemo kwamba watu wastahilio kuangaliwa katika mji ule hawazidi mia nne. Yeye alijibu kuwa ni wote milioni nne, pamoja na makarani, wauza duka na wasio na makao. Aliyekwisha kuhesabiwa kuwa si kitu aliwahesabu wote kuwa ni watu.

Pengine utauliza, je, kosa si neno? La, kosa ni deni, na deni hulipwa. Porter alilipa lake kwa zaidi ya miaka mitatu ya kifungo. Lisilo haki ni kudai mara ya pili deni lililokwisha kulipwa. Yeye aliyaogopa madai hayo, akaificha habari ya kifungo chake mpaka alipokufa mwaka 1910, akiwa na umri wa miaka 47, mwili wake umeharibiwa na ulevi. Habari ile ilienea kwa watu mwaka 1916. Lango la gereza lilikuwa limefunguliwa zamani. Hofu iliyobaki ilitoka katika vinywa vya watu.

Wahenga walisema kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Ni kweli, lakini mhunzi ahitaji pia jirani atakayempelekea jembe la kufua. Huenda siku moja mtu aliyemaliza kifungo akarudi katika kijiji chenu, akitafuta kazi na salamu. Mahakama imekwisha sema neno lake juu yake. Wewe, msomaji, utasema lipi?