Filamu Bubu na Maana ya Kazi ya Kila Siku

Filamu bubu inayoonyesha maisha ya watu wa kawaida huzua swali: maana ya kazi ya mtu iko kwa anayeifanya au kwa anayeitazama? Tanganyika ililikabili swali hilo kati ya 1935 na 1937, pale mradi wa Baraza la Kimataifa la Misheni, uliokuwa na makao Vugiri huko Usambara, ulipotengeneza filamu 35, nyingi zikihusu kilimo na afya. Wenyeji waliigiza. Picha zilipigwa bila sauti, na maneno yakarekodiwa kando kwenye sahani za santuri, kwa lugha mbalimbali. Mkulima alionekana, aliyesema ni mwingine.

Ngoro, yaani mashamba ya mashimo ya Umatengo, wilayani Mbinga, zinaonyesha uzito wa swali hilo. Wanaume hufyeka nyasi na kuzipanga kwa miraba mtelemkoni. Wanawake huzifunika kwa udongo, katikati likabaki shimo. Shimo hukinga maji ya mvua, nyasi huoza zikawa mbolea, na udongo hausombwi. Kamera ingenasa majembe, si ujuzi wa vizazi uliomo mikononi. Hata Mbamba Bay, kando ya Ziwa Nyasa, taa za wavuvi wa dagaa waitwao usipa huonekana usiku kutoka ufukweni. Nia ya mvuvi haionekani.

Uislamu hupima tendo kwa nia. Ukristo humkumbuka Yesu akiwa seremala Nazareti, miaka mingi kabla ya kuhubiri. Kwa mizani hiyo, kazi ina thamani hata pasipo mtazamaji. Picha bubu haimdhulumu mkulima. Yanayomdhulumu ni maneno anayowekewa bila kuulizwa.