Haja Hupimwa Siku Gani?

Mahakama huweza kuahirisha kesi, lakini haiwezi kuahirisha maisha. Mwenye nyumba anafungua shauri akitaka mpangaji ahame kwa kuwa anaihitaji nyumba mwenyewe. Shauri linapanda rufaa, miaka inakatika. Huku nyuma anapata nyumba nyingine, au mwanawe aliyekusudia kufungua duka pale anaajiriwa, au yeye mwenyewe anafariki. Jaji aamue kwa haja iliyokuwapo siku shauri lilipofunguliwa, au kwa hali ya siku ya hukumu?

Majaji wa India wamelikabili sana swali hili. Sheria za huko za kudhibiti upangaji humkinga mpangaji mpaka mwenye nyumba athibitishe sababu inayokubalika, na haja ya kweli ya kuitumia nyumba ni mojawapo. Mwaka 1975, katika shauri la Pasupuleti Venkateswarlu, Jaji V. R. Krishna Iyer wa Mahakama ya Juu alieleza kwamba kwa kawaida haki ya mdai hupimwa kwa siku aliyofungua shauri. Lakini jambo lililozuka baadaye likigusa kiini cha haki hiyo, mahakama isilifumbie macho. Mwaka 1981, katika shauri la Hasmat Rai, mwenye jengo alitaka nafasi ya kufungua duka la dawa. Shauri likiwa bado linaendelea, mpangaji mwingine akahama, naye akapata nafasi katika jengo hilohilo. Mahakama ikasema haja sharti idumu hadi hukumu ya mwisho, ikakataa kumwondoa mpangaji aliyebaki.

Msimamo huo una mantiki. Kumtoa mtu alipo ni tendo la leo, na maumivu yake ni ya leo. Haja iliyokwisha jana haiwezi kulihalalisha.

Lakini mwaka 2001 Mahakama hiyohiyo ililitazama jambo kwa upande wa pili. Katika shauri la Gaya Prasad, mwenye nyumba alitaka mahali pa zahanati ya mwanawe, daktari. Shauri lilichukua miaka 23, na katika muda huo kijana akaingia utumishi wa serikali. Mpangaji akadai kwamba haja imekufa. Mahakama ilikataa: baba na mwana hawakutazamiwa kukaa bure muda wote huo wakingoja. Subira huvuta heri, lakini tumbo halina subira. Mtu aliyejitafutia riziki wakati dola ikimchelewesha hawezi kuambiwa kwamba riziki hiyo ndiyo ushahidi wa kutohitaji.

Basi tutegemee siku ya kwanza pekee? Hapana. Mwaka 2010, katika shauri la Sheshambal, wenye nyumba waliotaka kuishi humo wote wawili walifariki kabla ya shauri kwisha, na warithi wao hawakuruhusiwa kuisimamia haja ambayo haikuwa yao. Yapo malalamiko ya haki hapa: hukumu ingetoka mapema, wazee wangehamia kwao. Ni kweli, lakini kumhamisha mpangaji sasa hakuwarudishii marehemu hata siku moja.

Kutegemea siku ya mwisho pekee nako kuna hatari yake. Uingereza, ambako sheria ya 1954 kuhusu majengo ya biashara huuliza nia ya mwenye jengo, katika shauri la Betty's Cafes Bunge la Malordi liliamua kwamba nia hiyo hupimwa siku ya kusikilizwa. Sura ya 301 ya sheria za Kenya nayo inazungumzia mwenye jengo anayekusudia kulitumia mwenyewe kwa angalau mwaka mmoja. Nia ikipimwa mwishoni tu, aliyeanza bila mpango anaweza kuukamilisha akiwa njiani kuelekea mahakamani.

Kwa hiyo kutafuta tarehe moja ya kuhukumia kila shauri ni kukosea swali. Kwanza tuulize kama haja ilikuwa ya kweli tangu shauri lilipofunguliwa. Bila hilo, hakuna dai. Kisha tuulize kama amri ya kuhama bado itamfaa yule aliyeihitaji. Daktari angeweza kurudi kufungua zahanati, kwa hiyo itamfaa. Mfanyabiashara aliyekwisha kupata nafasi ya kutosha haitamfaa, wala wazee waliofariki. Mabadiliko yaliyozaliwa na kungoja ni njia ya kuvumilia. Yaliyoimaliza haja yamelimaliza na dai.

Mwenye nyumba anayeficha kwamba amepata nyumba nyingine anaidanganya mahakama. Mpangaji anayekata rufaa ili tu muda upite, kisha akautumia muda huo kama hoja, naye hana tofauti kubwa na yeye. Jaji asimkubalie yeyote kati yao, na mahakama nayo iache kuahirisha ovyo, kwani kila mwaka inaopoteza unamwongezea mmoja wao hoja ambayo hakuistahili.